Kiapo cha Shangazi Makufuli

Shangazi yangu tulimwita Makufuli, wala hakukasirika, kwake hiyo ilikuwa sifa. Chumba chake kimoja cha kulala na kushonea kilikuwa na kufuli mlangoni, kufuli kabatini, na kufuli dogo kwenye kopo la vifungo. Vifungo! Nani aibe vifungo, jamani?

Lakini hati zake za akiba hakuzifungia kufuli. Kufuli, alisema, linamwonyesha mwizi pa kuanzia. Yeye ni fundi cherehani wa miaka thelathini, kwa hiyo kitu cha thamani alikishona ndani ya kitu kingine: mara pindo la pazia, mara bitana ya koti. Kila baada ya miezi michache alifumua, akahamisha, akashona upya. Hati tano za posta, jasho la ujana wake wote, zilitembea chumbani mle kuliko paka.

Siku moja akafumua pazia, patupu. Akafumua koti, patupu. Chumba kizima kikawa nyuzi, na Shangazi katikati anapiga yowe kwamba ameibiwa.

Posta hawatoi hati nyingine kwa mayowe. Walitaka taarifa ya polisi, tangazo gazetini, na kiapo mbele ya wakili. Polisi akamwuliza anamshuku nani. Akajibu palepale: aliyeingia chumbani mwezi ule ni mmoja tu, mdogo wake, alikuja kubadilisha balbu. Mdogo wake huyo ndiye baba yangu.

Baba alikaa kwenye benchi la kituo tangu asubuhi mpaka jua linazama, akihojiwa habari za balbu. Aliporudi alivua viatu, akasema, "Haya," akaenda kulala. Miezi mitatu hakukanyaga kwa dada yake, na wakikutana njiani alivuka barabara. Niliumia, sifichi. Wahenga walisema mla nawe hafi nawe ila mzaliwa nawe. Hawakusema lolote kuhusu mzaliwa nawe akikupeleka polisi.

Na bado siku ya kiapo, nani alimsindikiza Shangazi? Mimi, mtoto wa mtuhumiwa, eti kwa sababu macho yake hayaoni maandishi madogo.

Wakili alikuwa mama mmoja mwenye miwani, hana haraka hata chembe.

"Mara ya mwisho hati zilikuwa wapi?"

"Mahali salama."

"Kiapo hakitaki 'mahali salama', mama. Pataje."

"Nilizishona kwenye pazia. Nikazitoa, nikazishona kwenye koti. Halafu akatokea mtu anataka kuliazima lile koti, nikazitoa tena, nikaziweka kwenye..." Mikono yake ilikuwa inashona hewani, inageuza kitu cha mraba, pembe baada ya pembe. Ikasimama.

"Kwenye nini, mama?"

Shangazi akainamisha kichwa. "Tunaweza kurudi kesho?"

Kumbe ni mto wa kiti chake cha cherehani! Tulipofika tuliufumua, hati zote tano zikatoka, zimejikunja kidogo kwa uzito wa mwenyewe. Miezi mitatu alikuwa amezikalia hati zake, huku anashona na kuwalaani wezi. Nilicheka mpaka nikashika ukuta. Yeye hakucheka.

"Usimwambie baba yako," akasema. "Posta nitawaambia nimeghairi."

"Na kule polisi, jina la baba libaki hivyohivyo?"

Akavaa viatu. Tulipita kituoni kwanza, akaandika maelezo mapya, ukurasa mzima kwa mkono wake. Ndipo akaja nyumbani kwetu.

Baba alikuwa uani ananoa msumeno. Hakuinuka.

"Nimeziona," Shangazi akasema. "Kosa ni langu. Nisamehe, mdogo wangu."

"Nimesikia. Nikuulize moja tu, dada. Polisi alipotaka jina, ulifikiri muda gani kabla ya kunitaja?"

Nilingoja aseme uongo wa heshima. Sote tungeupokea, mambo yaishe. Lakini Shangazi, mwenye jibu kwa kila kitu, machozi yalimtoka.

"Sikufikiri," akasema.

Baba akaweka msumeno chini, akamvutia kiti.

"Basi kaa hapo, ufikiri. Mimi naenda kuchemsha chai."