Matanga ya Mwimbaji wa Kiholanzi

Tangu juzi nashindwa kupita sokoni Nachingwea, na kosa ni la mdomo wangu.

Hapa kambi ya Waingereza ya kulima karanga mimi ndiye mkalimani wa sinema, nawatafsiria watazamaji maneno ya Kizungu. Habari za yule mwimbaji wa Kiholanzi nilizijua kuliko ndugu zake: alianza kwa kupiga kinanda kwenye baa za kwao, santuri zake zikavuka bahari, mpaka Amerika wakamwita kuigiza. Mwezi uliopita, mwisho wa sinema yake moja, alipigwa risasi, akazikwa. Mimi mjuzi, sikuwa nimeona mtu akifa kwenye sinema. Nikavua kofia, nikatangaza kwenye kipaza sauti:

"Jamani, mwenzetu ametutoka."

Watu walilia. Bi Somoe wa Lionja, aliyezipenda mno nyimbo zake, akapika ubwabwa, tukakaa matanga.

Juzi ikaletwa sinema nyingine. Marehemu akatokea juu ya farasi, anaimba. Uwanja mzima ukageuka kunitazama. Bi Somoe akanisogelea, machozi yakimlengalenga, na kipaza sauti kikamnasa anavyoniuliza taratibu:

"Mwanangu, basi yale matanga yalikuwa ya nani?"