Mama wa Kambo Hakaribishwi

Siku hizi vijana wa Tunduma wanaangalia maigizo kwenye simu, na mimi wananiona bibi muuza mchele tu. Wangejua! Mimi nimechukiwa Ileje, tena kwa kazi niliyoifanya vizuri.

Kikundi chetu cha maigizo kilikuwa kinadandia malori ya mahindi kutoka Mlowo, tunacheza kijiji hadi kijiji na kulala kwa wenyeji. Ndugu zetu wenyewe walituita wahuni. Mimi ndiye niliyecheza mama wa kambo. Namnyima mtoto ugali, namtupia ukoko, namsukumia nje kwenye baridi. Huyo mtoto alikuwa dada mmoja mfupi, mtu mzima kabisa, mwenye watoto wake nyumbani.

Jioni moja, kijiji cha milimani huko, tulimaliza kucheza mvua ikaanza. Wenyeji wakatugawana. Mimi nilikuwa na mwanangu mgongoni, bado ananyonya, na kifua kilikuwa kimembana. Mama niliyepangiwa kulala kwake akaziba mlango. Kiongozi wetu akamweleza kwamba lile ni igizo tu, mimi ni mtu mpole. Hakumsikiliza. Yule dada mfupi naye akaja, anacheka, akamwambia hajaumizwa popote. Mama akamtazama kwa huruma, akasema watoto wanaoteswa ndivyo walivyo, wanawatetea wanaowatesa.

Wakachoka, wakaenda kututafutia pengine. Hapo nikaogopa kweli. Kifua cha mwanangu kilikuwa kinakoroma, na baridi ya Ileje si ya kuchezea. Nilitaka kupiga magoti nilie. Lakini yule mama alikuwa ametoka kuniona nikilia machozi ya uongo mbele ya kijiji kizima. Angeniaminije?

Basi nikafungua kitenge, nikamnyooshea mtoto.

"Mchukue yeye, mama. Mimi nitakaa hapa nje."

Akampokea, akaweka mkono kifuani pake, akamsikiliza anavyohema. Kisha akanitazama mimi, nimelowa chapachapa, sijaondoa macho kwa mwanangu. Akasogea pembeni ya mlango.

"Ingia ukamnyonyeshe," akasema. "Lakini ugali napakua mimi."

Na kweli alipakua yeye, mafungu yote, hata la yule dada mfupi aliyeitwa aje kula. Lake lilikuwa kubwa kuliko yote. Makofi nimepigiwa mengi maishani, ila sifa kubwa kuliko ile sijapewa mpaka leo.