Awiti, Mtoto Aliyeokotwa Jaani

Nyinyi mnaosoma haya, akina Kevo na Shiko na Mose, ambao hata majina mmeyakata mikia, tulieni kidogo. Mimi shule niliionja tu. Lakini kuhusu majina najua jambo moja, nami nitawaambia bila kuzungukazunguka.

Nakumbuka asubuhi moja ya miaka ya sabini, tukikaa nyumba za kanjo, yaani za baraza la jiji, karibu na Barabara ya Jogoo, upande wa Makadara. Mwanangu, mtaani kwetu mwanamke hakuitwa kwa jina lake. Aliitwa Mama Fulani, kwa jina la mtoto wake. Mimi waliniita Bibi ya Dereva, kwa sababu nilikuwa nimezaa mabinti wawili na wote wawili nikawazika kabla hawajajua kuketi. Wote walikuwa wamepewa jina la mama mkwe wangu, Nduku, yaani aliyezaliwa usiku, maana kwetu Ukambani binti wa kwanza ni wa nyanya yake. Basi kila nilipoitwa Bibi ya Dereva pale bombani, nilisikia makaburi mawili.

Nikajifungua binti wa tatu. Niliogopa hata kumtazama usoni, nisije nikamzoea. Jirani yangu, Mama Odhiambo, mke wa mtu wa reli, akaingia bila hodi.

"Dada, huyu umempa jina?"

"Bado. Mama mkwe yuko njiani."

"Basi mlete tumtupe."

Nilidhani amerukwa na akili. Akanieleza kwamba kwao Ujaluo, mama aliyefiwa na watoto humweka mtoto jaani, na mwanamke mwingine akamwokota. Kifo kikija kumtafuta mtoto wa yule mama, hakimwoni; kinamkuta wa kuokotwa, kinaenda zake. Akiwa msichana huitwa Awiti, aliyetupwa. Sisi ni watu wa kanisa, na nilikuwa nimeomba mpaka magoti yakaota sugu. Lakini mfa maji haachi kutapatapa. Nikamfunga mtoto kwa leso mbili, tukaenda naye jaani nyuma ya nyumba.

Nikamlaza juu ya gunia safi, nikampa mgongo. Mfagiaji wa kanjo akaangusha ufagio.

"Wee mama! Mtoto hatupwi! Nakuona!"

"Wewe fagia," Mama Odhiambo akamjibu. "Hii si takataka yako." Kisha akapaza sauti mtaa mzima usikie: "Jamani! Nani ametupa kitu kizuri namna hii? Basi ni wangu!" Akambeba mpaka kwake, akanifungia mlango.

Mchana mama mkwe akafika kutoka Machakos, na kiondo kipya alichomsukia mjukuu wake. Ningemwambiaje kwamba jina lake limewekwa kando, na mjukuu wake yuko kwa jirani na jina la Kijaluo? Nikamwambia hivyo hivyo, maana sina kipaji cha uongo.

Akageuka na kiondo chake begani. Akaenda mlango wa pili, akabisha.

"Nasikia umeokota mtoto."

"Nimeokota. Kwani ni wako?"

"Namtaka. Nikupe nini?"

Mama Odhiambo akakitazama kile kiondo. Mama mkwe akakishusha begani, akampa. Hivyo ndivyo binti yangu alivyorudi nyumbani.

Nikaanza kuomba radhi. Mama mkwe akanikatiza kwa ukali ambao mpaka leo nauazima nikiwa na hasira: "Nyamaza, msichana wewe. Unadhani sisi hatujui? Kaka yangu tulimwita Mbiti, fisi, ili kifo kimdhanie mnyama kimpite. Leo ana mvi. Jina ni blanketi la mtoto, si pambo la nyanya. Langu litangoja."

Na lilingoja. Nduku alikuja baada ya Awiti, na sasa ana wajukuu. Lakini jioni ile bombani, Mama Odhiambo aliita mbele ya wanawake wote: "Mama Awiti! Ndoo yako imejaa!" Mwanangu, maji yalinimwagikia miguuni na sikuyafunga. Nilitaka aniite tena.

Miaka ikapita. Awiti akiwa darasa la sita, akarudi akilia. Wenzake walikuwa wakimwita mtoto wa jaa, naye akaapa kwamba kuanzia kesho yeye ni Sharon. Sikumbembeleza. Nilimsimulia yote, kisha nikampeleka kwa Mama Odhiambo, akaoneshwa kile kiondo kikining'inia ukutani, kimejaa vitunguu. Alikishika muda mrefu. Kesho yake akawaambia wale watoto: "Mimi nyanya yangu alinitolea kiondo. Wewe nyanya yako alikutolea nini?" Jioni akarudi nyumbani akicheka.

Basi shika neno langu. Jina la mtu usilicheke kabla hujauliza lilimvusha wapi. Kuuliza si ujinga. Na lako ukitaka kulikata, kwanza jua nani alilipia. Hao wa kukupa jina la barabarani hawakuwepo siku ulipokuwa ukitafutiwa blanketi. Mungu ayalinde majina yenu, myavae mpaka yachakae, na wajukuu wenu wayapiganie.

Siku ile Awiti aliporudi akicheka, niliwaamuru wote nyumbani, baba yao akiwemo: mtoto wa nyumba hii akiuliza habari ya jina lake, sufuria ishuke motoni, aambiwe yote mpaka mwisho, ndipo tule.