Barua Iliyofungiwa Ghalani

Dada yangu Nyanjige alikuwa na ubishi wa kuudhi. Mwaka tisini na tano, wanunuzi binafsi wa pamba walipoingia kijijini kwetu, nje kidogo ya Bariadi, walizoa kila kitu, safi na fifi, yaani ile chafu, pamoja na majani yake. Sote tukaacha kuchambua. Yeye alibaki barazani na pamba ya kishamba chake, safi huku, fifi kule, na mimi nikijirusha juu ya lundo ananifukuza kama kuku. Natamani kufukuzwa vile tena.

Alikuwa amemaliza kidato cha sita, msichana pekee kijijini, akingoja barua ya chuo kikuu. Shangazi Milembe kila akija aliuliza kama atasoma mpaka ng'ombe wa mahari wazeeke. Nyanjige alimjibu kwamba wavulana aliowashinda darasani hawaulizwi hivyo.

Barua zetu zilipitia sanduku la posta la chama cha ushirika. Msimu ule hakuna aliyepeleka pamba chamani, na baba alikuwa wa kwanza kukimbilia wanunuzi wapya. Katibu, mzee Mahona, akafunga ghala na barua zikiwa humo, akakaa nyumbani na ufunguo wake, amenuna. Mwishoni mwa Septemba tukasikia kwamba wenzake Nyanjige walishaitwa, na chuo kinafunguliwa baada ya siku tisa. Baba aligoma kwenda kuomba. Aibu ilimshika.

Nyanjige akajitwika furushi lake la pamba, nami nikamfuata hadi nyumbani kwa mzee Mahona.

"Mwangaluka, mzee," Nyanjige alimwamkia kwa Kisukuma.

"Mwangaluka, ng'wanawane," akaitika, akimwita mwanangu. "Baba yako kakutuma?"

"Hajanituma. Nadhani barua yangu imo ghalani."

"Barua ni za wanachama. Wanachama wangu wamehamia kwa matajiri."

"Basi niandike mimi. Pamba yangu hii hapa."

Mzee alicheka. Tangu chama kianze, wanawake walilima, wakapalilia, wakavuna, na jina daftarini likawa la mume. Akaingiza mkono kwenye furushi, akageuzageuza. Hakukuwa na jani hata moja. Akaacha kucheka.

"Umemchambulia nani? Siku hizi nani anajali?"

"Mimi najali."

Akatufungulia ghala. Alianza na daftari, akaandika jina la dada polepole, kisha ndipo akafungua kabati la barua. Yake ilikuwa imelala humo wiki tano.

Aliondoka Jumamosi. Nililia barabarani bila kujificha, maana nyumba ilikuwa imebaki na watu wa kawaida tu.

Desemba mzee Mahona aliitisha mkutano kuamua hatima ya chama. Baba alisimama kuchangia. Mzee akafunua daftari, akavaa miwani.

"Kaa, Ngassa. Wewe ulijitoa. Mwanachama wa kaya yako ni Nyanjige, naye yuko chuo kikuu. Tutamngoja aje likizo."

Watu waliangua kicheko. Baba alikaa, na hakuna siku niliyowahi kumwona akitabasamu vile.