Mstari Ambao Mchungaji Hakuupata

Kanisa letu hapa Garissa ni dogo, na sisi tuliokuja kufanya kazi huku tunajuana wote. Ndiyo maana mchungaji alipohubiri juu ya mwanamke wa Magdala, "yule malaya aliyesamehewa," kila mtu alijua anasemwa nani. Mjane mmoja wa kwaya, anayeuza chai karibu na soko la mifugo, alikuwa amezushiwa kwamba analala na wateja. Aliinamisha kichwa.

Nilijikuta nimesimama.

"Mchungaji, ni mstari gani unaosema alikuwa malaya?"

Watu waligeuka kunitazama, hata askari wa langoni akachungulia. Mzee wa kanisa aliyeketi nyuma yangu akaninong'oneza, "Mwalimu, keti." Sikuketi.

Mchungaji alifungua Luka, akasoma kwamba mwanamke yule alitokwa na pepo saba.

"Hao ni pepo," nikasema. "Umalaya uko wapi?"

Alifunua kurasa mbele na nyuma, jasho likimtiririka. Mwishowe akasema, "Tumefundishwa hivyo tangu zamani," akaagiza wimbo. Mjane alichukua mkoba wake akatoka.

Wiki hiyo niliondolewa kufundisha watoto wa kanisa. Alhamisi mchungaji alinifuata shuleni ninakofundisha.

"Nimesoma injili zote nne," alisema. "Hakuna."

"Kamwambie yeye, si mimi."

Alikwenda sokoni mchana uleule, akamwomba mjane msamaha mbele ya wateja. Mjane alimpa chai. Kwenye kwaya bado hajarudi.