Gunia la Samaki Wachanga

Mama yangu aliuza dagaa katika soko la Busia, upande wa Uganda, hatua chache kutoka mpakani. Wateja wa Uganda waliwaita mukene, wa Kenya waliwaita omena, naye aliitikia yote mawili. Siku za Jumamosi kazi yangu ilikuwa kuchambua: kutoa mchanga, konokono na vipande vya magugu maji. Magunia yaliletwa na mjomba, mdogo wake wa tumbo moja, aliyekuwa na mtumbwi ziwani.

Asubuhi moja nilimwaga gunia jipya juu ya turubai nikaona kwamba karibu nusu yao si dagaa. Walikuwa bapa, wafupi kama ukucha wa kidole gumba. Nikamwita mama. Alichota kiasi, akawatandaza kiganjani, akasema ni watoto wa sangara na ngege, yaani sato, na kwamba wavu wa kawaida usingewashika hao. Akampigia mjomba simu aje.

Mjomba alifika adhuhuri kwa bodaboda. Hakukana. Alisema ameunganisha vyandarua vya mbu, kwa sababu wavu wake ulikuwa unarudi na majani matupu. Kisha akaanza kueleza kwa upole kwamba samaki wadogo hawana maisha. Sangara mkubwa anawameza, hata wa ukoo wake mwenyewe. Ndege wanashinda wakiwadonoa kando ya maji. Magugu yakifunga ghuba, chini yake hewa inakwisha, wanakufa wenyewe.

"Mimi nachukua tu kile kitakufa, dada," alisema.

Mama hakuinua sauti. "Sangara akishiba anaacha, ndugu yangu. Hicho chandarua chako kinashiba lini?"

Mama akaniambia nilifunge gunia, lirudi lilikotoka. Nililifunga haraka, maana mjomba ndiye aliyeninunulia sare ya shule, na sikutaka anitazame. Hakunitazama.

Hawakusemezana kwa miezi mingi. Mama alitafuta dagaa kwa watu wengine, na walipokosekana aliuza wa bahari, waliotoka Mombasa, wenye chumvi kali, ambao wateja waliwanunua wakinung'unika. Dereva aliyewaleta alituambia wavuvi wa huko nao wanalia. Mikoko inakatwa, na samaki wachanga waliozoea kujificha kwenye mizizi yake sasa wanakutwa peupe na nguru na jodari. Mama alimuuliza maswali mengi kuliko nilivyomzoea.

Mvua zilipoanza, maji ya ziwa yakawa kijani kizito na samaki wakaanza kuelea, wakubwa kwa wadogo. Watu sokoni walisema ni mbolea ya mashamba na uchafu wa miji unaoteremshwa na mito. Wengine walisema ni sumu. Kwa wiki nzima karibu nusu ya meza zilibaki tupu.

Mjomba alikuja nyumbani siku hizo, mchana, bila mzigo wowote. Mama alimwekea kiti na kumpa ugali wa muhogo na mboga. Alikula kidogo, kisha akasema ameokota sangara mfu mwenye urefu wa mtoto wa miaka mitano. Alipompasua hakukuta hata dagaa mmoja tumboni.

"Kwa hiyo hata yeye alikuwa na njaa," mama alisema.

"Hata yeye."

Hakuomba msamaha, na mama hakumdai. Alimwongezea mboga, wakaanza kuzungumzia ugonjwa wa bibi yangu, mama yao, ambaye wote wawili walikuwa wakimuuguza kwa zamu bila kukutana.

Mwaka uliofuata mjomba aliuza mtumbwi. Sasa analima mihogo na mtama kule Masinya. Nilipomuuliza kama analikumbuka ziwa, alisema anazikumbuka asubuhi zake, lakini mihogo angalau anaijua siku aliyoipanda. Mama bado yuko sokoni. Kuchambua anachambua mwenyewe, akiwa amevaa miwani.