Kufuli kwenye Nyumba ya Kapteni

Fundi makochi mmoja alijulikana mtaani kwa jina la Bayana. Jina alipewa na wateja wake, nusu kwa heshima na nusu kwa kero. Ukimpelekea kochi alibadilishe kitambaa, hakuanza na bei. Alilipindua miguu juu, akachana kitambaa cha chini, akaingiza mkono mpaka kwapani, kisha akakueleza yote: mbao hii imeliwa na wadudu, springi hizi zimechoka, na sponji uliyouziwa kuwa mpya ilishakaliwa na watu wengine.

"Fundi," mteja mmoja alimlalamikia mbele ya mkewe, "hata panya aliyezaa humo ndani lazima umtaje?"

"Nisipomtaja nitamshonea humo humo na watoto wake," Bayana akajibu, "halafu usiku mtanilaani."

Alikuwa mtu wa sala. Hakupenda kuapa hata kwa mzaha. Alisema Mungu si wa kuitwa shahidi kila mtu anapouza kiti. Jioni, kabla ya chakula, yeye na mkewe na watoto wao wawili walisali sebuleni. Bayana ndiye aliyeongoza, na mkewe ndiye aliyefunga kwa "amina" yake ndefu, ya mtu anayetua mzigo. Watoto walizoea kuisubiri, maana sahani hazikufunuliwa kabla ya amina ya mama.

Mtoto wa kwanza alikuwa binti, karani wa duka la dawa. Wa pili alikuwa wa kiume, fundi umeme, kijana mwenye miguu mirefu ambaye mama yake alikuwa akimtania kwamba suruali zake zinashonwa kwa kitambaa cha mapazia. Huyo ndiye aliyeanguka kutoka juu ya paa akivuta waya. Hakufa siku hiyo. Uti wa mgongo ulivunjika, na tangu kiunoni kwenda chini hakusikia tena kitu, hata ukimmwagia chai ya moto.

Bayana alimtengenezea kiti. Katika maisha yake yote ya ufundi hakuna kiti alichokihangaikia kama kile. Alipanga sponji ngumu chini na laini juu, akaweka mito ya ubavuni ili asipinduke, akatoboa mahali pa kuegemeza mgongo ili vidonda vipate hewa. Dada mtu naye akaleta mashine ya gemu iliyokwishatumika, aliyouziwa na mfanyakazi mwenzake, akaiunganisha na runinga ya sebuleni. Baba akatengeneza kibao cha kupumzishia mikono wakati wa kushika pedi, kile kidude cha kuchezea.

Mwanzoni mzee aliguna. "Mtu mzima na gemu?"

"Baba, nikae nitazame ukuta?" kijana akamuuliza.

Mzee hakuguna tena.

Katika gemu ile, mtu anapewa ardhi tupu na vifaa, anajenga. Watu wengine, kila mmoja akiwa kwao, wanaingia kupitia intaneti kusaidiana naye na kupiga soga. Kijana wa Bayana akawa na marafiki ambao hakuwahi kuwaona sura, wakawa wanamwita Kapteni kwa jinsi alivyowapangia kazi. "Kapteni, matofali yamekwisha!" sauti ilitoka kwenye runinga, na mama aliyekuwa akichambua mchele akajibu kwa niaba ya mwanawe, "Kayalete mwenyewe, mvivu we!" Wale vijana wakacheka kule waliko. Hawakujua kwamba Kapteni hasimami. Mtu wake wa kwenye runinga, aliyemwongoza kwa pedi, alikuwa na kofia, na miguu mirefu ya kuringa.

Akajenga nyumba yao. Akaweka baraza, akaweka mlango upande wa kulia kama ulivyo, akajenga na karakana ndogo ubavuni yenye makochi yaliyopinduliwa miguu juu. Mama alicheka mpaka akashika mbavu. Na ilikuwa hivi: ukiiacha pedi bila kuigusa, yule mtu wa kofia alikwenda mwenyewe kwenye ngazi za baraza, akaketi, akanyoosha miguu yake, akavua kofia na kuanza kupiga mluzi.

Kisha vidonda vya mgongoni vikaoza. Sumu ikaingia kwenye damu. Hospitali walifanya walichoweza. Kapteni akafa akiwa amemshika dada yake kidole, hata mkono mzima hakuuweza.

Baada ya maziko Bayana alifanya alichoona ni haki ya marehemu: alifunga kila mlango uliobaki wazi kwa jina lake. Alikwenda benki akatoa taarifa, kadi ikafungwa. Akaenda kampuni ya simu, laini ikafungwa. Akarudisha koleo la fundi mwenzake lililokuwa chini ya kitanda. "Aliyekwenda amekwenda," alisema. "Tusimwache akiitwaitwa."

Mkewe hakulia mbele za watu. Alichofanya ni kuacha kula. Sahani ilikuja ikarudi, na shavu likazidi kubonyea. Mpaka alasiri moja binti yake alipowasha ile mashine, labda kwa kutafuta tu sauti ndani ya nyumba. Yule mtu wa kofia akatokea mlangoni kwake. Hakuna aliyegusa pedi. Akaenda barazani, akaketi, akanyoosha miguu.

Mama alisogea akakaa kwenye kile kiti cha Kapteni. Alitazama muda mrefu. Kisha akasema, "Niletee ule uji."

Tangu hapo ikawa ndiyo dawa yake. Kila alasiri mashine iliwashwa, mluzi ukasikika, na mama akala. Hakucheza, na pedi hakuigusa, aliogopa yule mtu asije akainuka. Bayana akiwa karakanani alisikia ule mluzi kupitia dirisha, akamshukuru Mungu huku bunduki ya kupigia pini za makochi ikiwa mkononi.

Lakini huduma ile ya gemu la intaneti ilikuwa ya kulipia, na malipo yalikaribia kwisha. Binti akakaa na baba yake juu ya kochi lisilo na kitambaa, akamweleza.

"Vifurushi ni vitatu, Baba. Cha chini kinakuruhusu kucheza na wenzako walioko mbali, basi. Cha kati kina hayo, na kinakupa na ghala la magemu, unachagua unalotaka. Cha juu kina yote hayo pamoja na magemu ya zamani, na unaweza kulijaribu gemu jipya kabla hujalinunua. Yeye alikuwa kwenye cha kati."

Bayana alifikiri kama anavyofikiri fundi: usimwekee mteja sponji nene kuliko haja yake. "Mama yako hachezi na mtu. Anatazama tu. Nyumba imeshajengwa, gemu lilishachukuliwa kutoka hilo ghala, limo humu ndani ya mashine. Ghala la nini tena? Tulipie cha chini."

Maneno yale yalikuwa na akili, na binti, ambaye naye hakuwa mchezaji, akakubali. Kumbukumbu zake zikamwambia kwamba gemu likishapakuliwa ni lako. Siku hiyo mashine ilikuwa bado inakubali amri ya kushuka kifurushi bila kuuliza maswali mengi. Akabonyeza. Akashusha, bei ya cha chini ikatoka kwenye salio dogo lililokuwa limebaki ndani ya akaunti.

Kifurushi cha kati kilipoisha, mama aliketi kwenye kiti chake alasiri, bakuli mapajani. Runinga ikaonyesha picha ya gemu, na juu yake kufuli.

"Mbona amejifungia?" mama akauliza.

Binti alihangaika na pedi, akasoma, akasoma tena, akageuka. "Baba, ghala si la kuchukua moja kwa moja. Ni la kuazima. Ukishuka kifurushi, magemu yote ya ghalani yanafungwa, hata yaliyomo ndani ya mashine."

Bayana akaelewa papo hapo, na kuelewa kwake kukamuuma. Alikuwa akikodisha viti vya sherehe enzi za ujana wake. "Kama viti vya kukodi," alisema taratibu. "Vinakaa kwako, unavikalia, lakini si vyako."

"Ndivyo."

"Basi turudi kwenye kile cha kati."

Kupanda hakukuwa kama kushuka. Mashine ilitaka kadi mpya, na ili kuikubali kadi mpya ikatuma namba ya siri kwenye simu ya mwenye akaunti. Laini ya simu hiyo Bayana alikuwa ameifunga kwa mkono wake. Binti akajaribu njia nyingine: akafungua akaunti yake mwenyewe, akalipia kifurushi cha kati. Gemu likafunguka, na mama akainua kijiko. Lakini nyumba ilibaki kwenye akaunti ya Kapteni; hapa palitokea ardhi tupu, majani na mawe, na mtu asiye na kofia amesimama katikati akisubiri kuambiwa la kufanya.

"Huyu ni nani?" mama akasema. Akarudisha kijiko. "Funga."

Siku zile mama hakula. Bayana na binti yake wakapiga simu ya huduma kwa wateja, wakaiweka simu juu ya meza ya karakana kati ya mkasi na chaki ili wote wasikie. Akapokea mwanamke mwenye sauti ya upole. Akasikiliza habari ya kifurushi, kadi na laini iliyofungwa.

"Msiwe na wasiwasi," alisema. "Naona hapa kila kitu kipo, hakuna kilichofutwa. Nikibadilisha namba ya simu na mkalipia cha kati, kufuli linaondoka sasa hivi."

Binti alifumba macho kwa shukrani. Bayana mwenyewe alisema, "Mungu akubariki, mwanangu."

"Amina, mzee. Nathibitisha tu kwa ajili ya kumbukumbu. Naongea na mwenye akaunti?"

Binti akafumbua macho. Akamwashiria baba yake kwa kichwa: ndiyo, sema ndiyo. Bayana aliitazama simu. Mkono wake ulikuwa juu ya kitambaa, ukikinyoosha mahali ambapo hapakuwa na kunjo.

"Hapana," alisema. "Mwenye akaunti ni mwanangu."

Kisha yule mwanamke akasema polepole, kama anayemfungulia mtu mlango wa nyuma, "Mzee, simu hii inarekodiwa. Labda mtandao ulikata, sikusikia vizuri. Nauliza tena. Naongea na mwenye akaunti?"

"Baba!" binti alinong'ona. "Neno moja tu!"

"Mwenye akaunti amefariki," Bayana akasema. "Mimi ni baba yake."

Upande wa pili mtu akavuta pumzi. "Pole sana, mzee wangu. Pole mno. Ila sasa umeshasema. Akaunti hairithiwi wala haihamishwi. Ikishaingia taarifa ya kifo, inafungwa pamoja na vyote vilivyomo, na mimi sina uwezo wa kuirudisha." Akasita. "Nilikuuliza mara mbili, mzee."

"Nilisikia, mwanangu."

Simu ilipokatika, binti alisimama. "Hukuwa mahakamani, Baba! Nani alikuapisha? Yule dada amekuonea huruma, kakupa nafasi, wewe unatoa ushahidi!"

"Nikisema mimi ndiye yeye," Bayana akajibu, "yeye atakuwa nani?"

"Atakuwa pale barazani! Na mama angekula!"

Bayana alirudi kwenye kochi la mteja, akaanza kupiga pini, na pini zikaenda upande.

Jioni aliingia ndani mwenyewe. Mkewe alikuwa kwenye kiti cha Kapteni, runinga imezimwa, mikono juu ya kile kibao cha pedi. Bayana alivuta kigoda akakaa miguuni pa mkewe, kama mtu aliyekuja kuomba.

"Mama watoto, haitafunguka tena."

"Imeharibika?"

Hapo angeweza kusema imeharibika. Mashine ilikuwa kuukuu, nani angemuuliza? "Haijaharibika," alisema. "Waliniuliza kama mimi ndiye mwenyewe. Nikawaambia mwanetu amefariki. Wakafunga."

Mkewe alimtazama usoni kama anavyotazamwa mteja asiyefahamika. "Waliniuliza," alirudia maneno ya mumewe. "Na ungesema ndiyo wangefungua?"

"Wangefungua."

Giza likaanza kuingia sebuleni, binti akaja kuwasha taa. Ndipo mkewe akasema, bila ukali wowote, "Mimi ningesema ndiyo."

Chakula kikaletwa, sahani zikiwa zimefunikwa. Bayana akasimama, akasali kama kila jioni. Alimwombea Kapteni mahali pema. Aliomba nguvu kwa waliobaki. Aliomba msamaha, asijue vizuri ni wa kosa gani, kwa kuwa katika yote aliyofanya hakupata uongo hata mmoja wa kuutubu. Akamaliza, akainamisha kichwa, akaisubiri amina ya mkewe.

Binti naye alisubiri, mkono ukiwa juu ya kifuniko cha sahani.

Mkewe alikuwa ameigeukia runinga iliyozimwa. Midomo yake ilikuwa imekunjwa kama ya mtu anayetaka kupiga mluzi na hajui unaanzia wapi.